Muulize Mwalimu: Kuku wa Malaba na kura za Obama

SWALI: Mwalimu, salamu nyingi. Mimi ni mbadilisha fedha hapa mpakani Malaba. Na shemeji yangu tumewekeana dau la kuku. Yeye anasema mwaka 2012 Obama alirudishwa Ikulu kwa sababu wananchi wengi walimpigia kura. Mimi nasema kule Marekani kura za wananchi ni mapambo tu, wanaohesabiwa ni wajumbe wa majimbo. Nani amnunulie mwenzake? Na utueleze pia, mtoto wa mtu wa Siaya, hapo jirani tu, alipandaje hadi pale mara mbili?

JIBU: Kuku huyo mleni wote wawili, mkigawana gharama. Sababu nitaitoa, lakini kwanza nikiri jambo: mimi nami nimewahi kulipa dau la Obama, tena hapo hapo Malaba.

Ilikuwa Jumatano, tarehe 7 Novemba 2012. Nilikuwa bado nafundisha historia Tororo, na alfajiri hiyo niliteremka mpakani kumpokea mgeni. Foleni ya malori ilikuwa haina mwisho. Kwenye kibanda cha chapati palikuwa na televisheni ndogo iliyofungwa kwa waya juu ya trei za mayai, na madereva wa kutoka Mombasa wamesimama chini yake, vikombe mkononi. Mimi tangu mdahalo wa Denver, tarehe 3 Oktoba, nilikuwa nikimwambia kila aliyetaka kunisikia kwamba Obama anang'oka. Usiku ule alizungumza kama mtu aliyeamshwa usingizini, akitazama karatasi zake, huku mpinzani wake, Mitt Romney, akichanja mbuga. Dereva mmoja akanikatiza: "Mwalimu, acha hotuba, weka rolex." Nikaweka rolex sita, zile chapati za kukunja na mayai, za benchi zima.

Ilipokaribia saa moja, namba zilizokuwa zikipita chini ya kioo zilionyesha Romney akiongoza kwa jumla ya kura za nchi nzima. Nikasimama. Nikamwambia kijana wa chapati aanze kuvunja mayai, deni kwa dereva. Mayai hayajageuzwa, ikatangazwa kwamba Ohio imekwenda kwa Obama na kazi imekwisha. Nikabisha: atashindaje na yuko nyuma? Dereva akacheka hadi chai ikamwagikia kandambili zake. "Mwalimu, wewe unahesabu vichwa, wenzako wanahesabu majimbo." Shilingi 9,000 zikanitoka. Nilifarijika baadaye niliposikia kwamba Karl Rove, fundi wa kampeni zilizomweka George W. Bush madarakani mara mbili, naye alibisha hewani kwenye televisheni ya Fox usiku ule ule, akisema Ohio imetangazwa mapema mno. Tofauti ni kwamba yeye hakununulia mtu rolex.

Sasa dau lenu. Kwetu Uganda, kura ya Karamoja na kura ya Wakiso zinaingia kapu moja, na anayetaka urais lazima avuke nusu ya kapu zima. Marekani kila jimbo lina kapu lake. Kila jimbo lina idadi ya wajumbe sawa na maseneta wake wawili kuongeza wabunge wake wa Baraza la Wawakilishi. Mwaka 2012 California ilikuwa na wajumbe 55, Texas 38, Florida 29, Ohio 18. Mji mkuu, Washington, una 3. Jumla 538, na ukifikisha 270 umeshinda. Anayeongoza jimboni, hata kwa kura moja, anabeba wajumbe wote wa jimbo hilo, isipokuwa Maine na Nebraska ambako wanagawana kidogo. Kwa hiyo wewe wa Malaba, hapo umesema kweli.

Lakini na shemeji hakusema uongo. Makapu ya magharibi, hasa lile kubwa la California, yalikuwa bado hayajamwagwa mezani wakati mimi nashangilia. Yalipomwagwa, Obama alikuwa na kura kama milioni 65.9, Romney milioni 60.9. Wajumbe 332 kwa 206. Alishinda kwa vichwa na kwa majimbo pia. Mngewekeana dau juu ya mwaka 2000 au 2016, shemeji angelia, maana George W. Bush na Donald Trump waliingia Ikulu wakiwa wamezidiwa kura za wananchi. Trump alizidiwa kwa karibu milioni 2.9.

Kuhusu kupanda kwake, watu hupenda kuanzia Nyang'oma Kogelo, kijiji cha huko Siaya. Baba yake alitoka huko, kweli, lakini Obama alizaliwa Honolulu mwaka 1961 na siasa alijifunzia Chicago. Alifika huko mwaka 1985, akifanya kazi ya kuwapanga wakazi wa mitaa ya kusini wadai haki zao: nyumba, ajira, kuondolewa kwa asbesto katika majengo ya serikali. Akaenda kusoma sheria Harvard, akarudi, akawa mwanasheria na mwalimu wa sheria ya katiba.

Uchaguzi wake wa kwanza hausimuliwi sana. Ni mwaka 1996, kiti cha Seneti ya jimbo la Illinois. Aliyekuwa nacho, Alice Palmer, alikuwa anataka kwenda bunge la taifa na alimuunga mkono kijana huyo arithi kiti. Mama akashindwa kule, akageuka, akataka kiti chake. Obama akakataa kupisha. Kisha watu wake wakakaa chini na fomu za wapinzani, sahihi moja baada ya nyingine: huyu hakuandikishwa, huyu anaishi eneo jingine, huyu jina halisomeki. Wapinzani wote wanne, Mama Palmer akiwemo, wakafutwa, na Obama akabaki peke yake katika kura za mchujo za chama. Nyinyi mnaojua jinsi wagombea urais wetu wanavyohangaika kutafuta sahihi 100 katika kila wilaya, kwa theluthi mbili ya wilaya zote, mtaelewa kwamba huyu hakuwa malaika aliyeshuka na hotuba nzuri. Alijua kusoma fomu.

Mwaka 2000 akajaribu kumng'oa Bobby Rush, mbunge mzoefu wa mitaa hiyo hiyo ya kusini. Akapigwa kipigo cha mbwa koko, zaidi ya kura mbili kwa moja. Miezi michache baadaye alipanda ndege kwenda Los Angeles kwenye mkutano mkuu wa chama chake, Democratic. Alipofika kaunta ya kukodisha magari, kadi yake ya benki ikakataa. Ni mwenyewe aliyesimulia. Kibali cha kuingia ukumbini pia hakupata, akarudi nyumbani mkutano haujaisha. Kila nikifika hapa nilikuwa nasimamisha darasa, maana miaka minne tu baadaye, Julai 2004 kule Boston, mkutano mkuu wa chama kile kile ulimpa hotuba kuu. Novemba akaingia Seneti ya taifa kwa asilimia 70. Novemba 2008 akawa rais kwa wajumbe 365, na wenzetu Kenya wakapewa siku ya mapumziko tarehe 6. Mwaka ule sikuweka dau lolote, na ndio ningeshinda.

Mara ya pili ilikuwa ngumu zaidi, na ndiyo maana nilijiamini. Mwaka 2010 chama chake kilipoteza viti 63 katika Baraza la Wawakilishi. Sheria yake ya bima ya afya ilinusurika Mahakama ya Juu Juni 2012 kwa majaji 5 dhidi ya 4. Oktoba, wasio na kazi walikuwa asilimia 7.9, na tangu enzi za Franklin Roosevelt hakuna rais aliyekuwa amerudishwa na hali ya ajira mbaya kiasi hicho. Osama bin Laden alikuwa ameuawa mwaka mmoja kabla, na hilo lilimpa Obama uzito. Wale wanajeshi washauri 100 hivi aliotangaza Oktoba 2011 kuwatuma kumsaka Joseph Kony, kiongozi wa waasi, ambao kwetu walizungumzwa kila baraza, kule hawakumwongezea wala kumpunguzia kura.

Kilichonishinda ni Ohio. Mwaka 2009 kampuni za magari za General Motors na Chrysler zilikuwa kaburini mguu mmoja, na serikali ya Obama ikaziongezea fedha zipite katika ufilisi na kutoka upande wa pili. Romney alikuwa ameandika gazetini, Novemba 2008, kupinga serikali kuziokoa kwa fedha kama walivyoomba wakuu wa kampuni hizo. Alitaka zifilisiwe kwa utaratibu. Hoja yake ilikuwa na mantiki ya mfanyabiashara. Lakini Toledo, Ohio, ndipo Jeep za Chrysler zinapotengenezwa, na mji mzima una ndugu, jirani au mteja anayeshika spana pale. Mtu wa namna hiyo humwambii habari za mantiki. Tena Romney akarekodiwa kwa siri akiwaambia wachangiaji wake kwamba asilimia 47 ya Wamarekani wanategemea serikali na si kazi yake kuwahangaikia. Obama alichukua Ohio kwa tofauti ya kura kama 166,000 na Florida kwa kama 74,000. Ya majimbo aliyoshinda mwaka 2008, alipoteza mawili tu, Indiana na North Carolina.

Mimi nilikuwa nasoma wastani wa nchi nzima. Yule dereva alikuwa na binamu anayeendesha lori Ohio, akampigia simu wiki iliyotangulia.

SWALI: Mwalimu, mimi ni bodaboda hapa Mbale. Abiria aliniambia Obama alipiga kura kabla ya siku ya kura. Si ni wizi huo?

JIBU: Si wizi, mwanangu. Majimbo mengi huruhusu watu kupiga kura siku nyingi kabla, kituoni au kwa posta. Tarehe 25 Oktoba 2012 Obama alikwenda Chicago, akaonyesha kitambulisho kama mtu mwingine yeyote, akapiga kura yake. Ndiye rais wa kwanza aliye madarakani kufanya hivyo kituoni kabla ya siku. Alitaka wafuasi wake wamuige, wasije wakakwama kazini Jumanne. Kule siku ya uchaguzi ni siku ya kazi kwa wengi, na jambo hilo mimi hulishangaa kuliko habari za wajumbe.

SWALI: Shikamoo Mwalimu. Mimi ni mwanafunzi, Jinja. Kama Trump alishindwa mwaka 2020 akaruhusiwa kurudi mwaka 2024, mbona Obama asigombee tena? Bado ana nguvu.

JIBU: Marahaba, binti. Katiba yao haiulizi nguvu wala umri wa uzeeni, inauliza umechaguliwa mara ngapi. Franklin Roosevelt alichaguliwa mara nne, 1932, 1936, 1940 na 1944, akafia madarakani Aprili 1945. Wapinzani wake wakasema haya yasitokee tena. Bunge lao likapitisha marekebisho ya 22 mwaka 1947, majimbo yakayathibitisha mwaka 1951: hakuna mtu atakayechaguliwa kuwa rais zaidi ya mara mbili. Obama ana 2008 na 2012, ameimaliza hesabu. Trump mwaka 2020 alikuwa na moja tu, ile ya 2016, kwa hiyo nafasi ya pili ilikuwa bado inamsubiri. Sasa naye ameimaliza.

Aliyemtangulia kwa mtindo huo wa kutoka na kurudi ni mmoja tu, Grover Cleveland. Huyo ni wa kumsoma: Januari 1882 anaanza umeya wa Buffalo, Januari 1883 ni gavana wa New York, Machi 1885 yuko Ikulu. Mwaka 1888 alipata kura nyingi kuliko Benjamin Harrison na bado akashindwa, kwa hesabu ile ile ya makapu. Mwaka 1892 akamrudia Harrison, akamwangusha.

Obama mwenyewe alilizungumzia jambo lako Addis Ababa, Julai 2015, mbele ya Umoja wa Afrika. Alisema anaipenda kazi yake, anajiona rais mzuri, na akigombea tena anadhani angeweza kushinda, ila sheria haimruhusu. Ukumbi ulicheka na kupiga makofi. Niliangalia hotuba ile sebuleni kwangu na jirani yangu, mzee aliyestaafu jeshini, naye akanigeukia akaniuliza kama makofi yale yalipigwa na viongozi au na wageni waalikwa. Televisheni haikuonyesha vizuri.

Najua swali lako linalofuata, maana wanafunzi wote huliuliza. Ndiyo, nasi tulikuwa na ukomo wa mihula miwili katika katiba ya mwaka 1995, ukaondolewa mwaka 2005. Marekebisho ya mwaka huo huo ndiyo yaliyoandika Kiswahili kuwa lugha rasmi ya pili ya Uganda. Kwa hiyo mtu akiniuliza kama mimi, mwalimu ninayeandika kwa Kiswahili, niliyafurahia marekebisho ya 2005, huwa naomba swali lile ligawanywe mara mbili.