“Mshukiwa” kinywani mwa mtoto

Mhariri, wiki iliyopita mliuliza: je, ni haki mtu afungwe kwa neno la mtoto mmoja? Nilikuwa karani wa korti hapa Mombasa kwa miaka mingi, na kwetu karani ndiye mkalimani, kwa hivyo maneno ya watoto yamepita kinywani mwangu kabla hayajafika kwenye faili. Nasema yaweza kuwa haki. Wanaonitia wasiwasi ni wale waliomuuliza mtoto kabla hajafika kortini.

Sheria yenyewe haimdharau. Kwa makosa ya kingono, kifungu cha 124 cha Sheria ya Ushahidi kinamruhusu hakimu kumtia mtu hatiani kwa ushahidi wa aliyetendewa peke yake, mradi aandike sababu za kumwamini. Lakini mtoto wa chini ya miaka 14, umri uliotokana na uamuzi wa mwaka 1959, hupimwa kwanza kama anaelewa kiapo na wajibu wa kusema kweli. Hapo ndipo mambo huanza kuharibika.

Namkumbuka mvulana wa miaka 7, shahidi katika kesi ya wizi wa mabavu. Hakimu aliuliza kwa Kiingereza, nikatafsiri: “Unajua kiapo ni nini?” Kimya. Kidole mdomoni, macho kwenye viatu vyangu. Nikarudia, kimya. Hakimu keshashika kalamu aandike kwamba haelewi. Nami nikafanya jambo ambalo karani hana ruhusa ya kulifanya: “Ukisema wallahi na ni uongo, inakuwaje?” Akanijibu papo hapo, kama niliyeuliza upuzi: “Dhambi. Watiwa motoni.” Kiapo alikijua tangu chuoni, anakosomeshwa Kurani, neno ndilo lililokuwa geni. Tanzania Bara walilegeza mambo mwaka 2016: mtoto anaahidi tu kusema kweli na kutosema uongo. Kwetu, mwaka huohuo, Mahakama ya Rufani ikiketi hapa Mombasa ilisema kukosekana kwa upimaji huo si lazima kubomoe kesi nzima. Afadhali.

Basi mvulana yule akaanza kusimulia: “Mshukiwa alimnyooshea mama kisu.” Mshukiwa! Mtoto wa Kisauni husema “yule mwizi”, husema “yule mwenye ndevu”. Neno lile lilitoka kituo cha polisi. Sisemi alidanganya, kisu huenda alikiona kwa macho yake, maana watoto hushika vizuri kiini cha jambo lililowatisha. Kinachowashinda ni siku na hesabu: “juzi” ya mtoto yaweza kuwa mwezi uliopita. Lakini mpaka anapanda kizimbani ameshaulizwa na mama, nyanya, ustadhi, mzee wa mtaa, askari na kiongozi wa mashtaka, na mtoto akiulizwa swali lilelile mara ya pili hudhani jibu la kwanza lilikuwa kosa. Aliposhuka alinivuta shati. “Nimepata?” Alidhani ni mtihani.

Marekani walijifunza hili kwa gharama kubwa. Kesi ya shule ya chekechea ya McMartin, California, ambako walimu walishtakiwa kuwanajisi watoto, ilianza na malalamiko ya mwaka 1983 ikaisha mwaka 1990 bila mtu yeyote kutiwa hatiani. Watoto walikuwa wamehojiwa kwa maswali yenye majibu ndani yake, hata wengine wakasimulia mahandaki chini ya shule. Angalau mahojiano yale yalikuwa kwenye kanda, na waliopaswa kuamua wakayatazama. Kwetu, swali la kwanza halibaki popote. Kinachobaki ni taarifa iliyoandikwa na askari, kwa maneno ya askari.

Nasi makarani tuna yetu. Mtoto wa Mombasa humwita “ami” hata jirani anayeuza mahamri. Kwenye faili ya Kiingereza anageuka ndugu wa baba, na katika kesi ya kujamiiana kwa maharimu, udugu huo ndio unaolifanya kosa liwe hilo.

Mahojiano ya kwanza yarekodiwe kwa video, kama Uingereza ilivyoruhusu kwa sheria ya mwaka 1991, na jibu la mtoto liandikwe kwa Kiswahili chake kando ya tafsiri. Ni mstari mmoja wa wino.

Mshtakiwa wa kesi ya yule mvulana alifungwa, lakini ni kwa kuwa simu ya mama ilipatikana kwake. Bila simu ile, sijui hakimu angelifanya nini lile neno “mshukiwa”.

Karani mstaafu, Mombasa