Jibu: Usiape kwamba hukuletewa samansi

Ndugu yangu, usitie sahihi hati hiyo ya kiapo. Umeeleza mwenyewe kwamba samansi ya kesi ya pikapu yako na yule mwendesha bodaboda ilikufikia kwa WhatsApp, ukamtumia wakala wa bima, naye akakuambia utulie kwa kuwa kampuni ingemweka wakili. Sasa hukumu imetolewa bila utetezi wako, dalali wa mahakama ameorodhesha mali ya nyumbani, na kuna anayekushauri uape kwamba hukuiona samansi yoyote. Unauliza kama hukumu inaweza kutenguliwa, na kama bima itakurudishia pesa. Nitajibu la kwanza tu, kwa sababu ndilo lililonimaliza.

Mimi niliapa hivyo hivyo. Karani mmoja wa ofisi ya uwakili aliniambia kwamba hoja ya samansi inatosha, kwamba hakimu akisikia hukuletewa anafuta kila kitu, na hati yangu yote ya kiapo akaijaza jambo hilo moja. Mpeleka samansi akaitwa kuhojiwa mahakamani, kwa kuwa kanuni zinaruhusu, naye akaja na karatasi iliyochapishwa: namba yangu ya simu, picha yangu nikiwa nimevaa shati la arusi ya mdogo wangu, na alama mbili za buluu kando ya samansi. Wakili wa mdai hakuhitaji kuuliza zaidi. Tangu mwaka 2020 Kanuni za Mwenendo wa Kesi za Madai za Kenya zinakubali samansi ipelekwe kwa barua pepe na kwa programu za ujumbe wa simu, na karani ambaye kazi yake ya kila siku ni nyaraka za mahakama alipaswa kulijua hilo kabla yangu.

Kinachoniuma hadi leo ni kwamba utetezi wangu ulikuwa kabatini, ndani ya bahasha. Gari lililomgonga mdai nilikuwa nimeliuza kabla ya ajali, ila logbuku ilikuwa bado kwa jina langu. Kifungu cha 8 cha Sheria ya Trafiki humhesabu aliyesajiliwa kuwa ndiye mwenye gari, lakini mpaka ithibitishwe vinginevyo, na mimi nilikuwa na mkataba wa mauzo wenye sahihi ya mnunuzi. Mkataba huo haukuambatishwa, wala rasimu ya utetezi haikuwapo. Nilipomuuliza karani, alisema hayo ni ya baadaye. Baadaye ipi, na ombi limetupwa siku hiyo hiyo? Ningekuwa na uwezo, ningemkalisha akariri neno "kiambatisho" mpaka majogoo. Nililipa fidia ya ajali ya gari ambalo halikuwa langu tena.

Kwa hiyo nakusihi jambo moja: ombi la kutengua hukumu lisiingie mahakamani bila rasimu ya utetezi na vielelezo vyake. Kama samansi isingekufikia kabisa, hukumu ingefutwa kama haki yako. Kwa kuwa ilifika na muda ukapita, unamwomba hakimu atumie hiari yake chini ya Amri ya 10, kanuni ya 11, ya Kanuni hizo za Mwenendo wa Kesi za Madai, na mipaka ya hiari hiyo inajulikana tangu kesi ya Shah dhidi ya Mbogo ya mwaka 1967: ipo kwa ajili ya aliyepatwa na ajali, aliyeghafilika au aliyefanya kosa la kusameheka, wala haimsaidii anayekusudia kuizuia au kuichelewesha haki. Ule ujumbe uliomtumia wakala, wenye tarehe yake, ndio unaoonyesha kwamba hukuipuuza samansi, bali ulimwamini mtu uliyekuwa na kila sababu ya kumwamini. Huo ndio udhuru wako, nawe unataka kuuzika kwa kiapo cha uongo, ambacho chenyewe ni kosa la jinai!

Utetezi nao si lazima uwe wa kushinda. Katika kesi ya Patel dhidi ya East Africa Cargo Handling Services, iliyoripotiwa mwaka 1974, ilielezwa kwamba yatosha uwe na jambo linalostahili kusikilizwa. Umesema mwendesha bodaboda aliingia barabara kuu kutoka njia ya kando bila kusimama. Hilo ni jambo la kusikilizwa, kwa sababu hata mahakama ikiwagawia lawama, fidia inapungua. Ambatisha abstrakti ya polisi (ile taarifa fupi ya polisi kuhusu ajali), picha za pikapu, na maelezo ya abiria uliyemtaja.

Fungua ombi chini ya hati ya dharura, yaani ile inayoomba lisikilizwe haraka, pamoja na ombi la kusimamisha utekelezaji wa hukumu, kabla siku 7 za tangazo la dalali hazijaisha. Mwambie wakili akague jalada kama ulipewa notisi ya siku 10 kwamba hukumu imeingizwa, kwani Amri ya 22, kanuni ya 6, hairuhusu kukamatwa kwa mali bila notisi hiyo. Ukiamriwa uweke sehemu ya pesa mahakamani au ulipe gharama za mdai, timiza ndani ya muda uliopangwa, maana ukichelewa hukumu inaweza kurudi palepale. Na mazungumzo yako na wakala usiyafute: yachapishe leo, tarehe na saa zikionekana, uyapeleke kwa wakili pamoja na ile abstrakti.