Bibi aliijua sauti akiwa ameipa runinga mgongo

Mhariri, wiki iliyopita mliuliza: filamu na tamthilia za nje ziingizwe sauti za Kiswahili, au ziwekewe maandishi chini? Mimi siku zote ni mtu wa maandishi. Mwigizaji amelia kwa koo lake, mwacheni tumsikie. Ila swali lenu limenirudisha Buyenzi, Bujumbura, sebuleni kwa bibi yangu.

Mjomba alituletea kutoka Brussels kaseti za Il était une fois... la vie, katuni ya mwaka 1987 kuhusu mwili wa binadamu: chembe nyekundu za damu zimebeba oksijeni mgongoni, na mzee Maestro, ndevu nyeupe hadi miguuni, anaelekeza. Yote kwa Kifaransa. Bibi Kifaransa hakukijua, na alichoweza kusoma ni msahafu tu. Basi mimi nasimama kando ya runinga namtafsiria, na Maestro akizungumza nakaza koo niwe mzee. Bibi yuko mlangoni penye mwanga, ungo wa maharage mapajani, runinga kaipa mgongo. Nikikawia, mkono wake unasimama juu ya ungo: "Babu kasemaje?"

Siku moja tukaweka kaseti ya katuni nyingine, Astérix. Astérix hajamaliza hata maneno matano, bibi akasema, "Ndiye yule babu." Nikamwambia hapana bibi, huyu kijana, mfupi, ana masharubu ya njano, ndevu hana. "Ndiye. Leo ana haraka tu." Nikamshika bega nikamgeuza atazame. Akatazama, akarudi kwenye maharage. "Umbo si lake. Sauti yake." Nilibishana naye hadi adhana ya magharibi, na nililala nikijua nimemshinda.

Septemba 2020 nikasoma kwamba Roger Carel, mwigizaji wa sauti wa Ufaransa, amefariki akiwa na miaka 93. Maestro alikuwa yeye. Astérix alikuwa yeye, tangu filamu ya katuni ya kwanza ya 1967 mpaka ile ya 2014, iliyotoka akiwa na miaka 87. Kermit, yule chura wa Muppet Show, kwa Kifaransa, yeye. Dubu Winnie, yeye. Ile roboti ya dhahabu ya Star Wars, ambayo Wafaransa waliiita Z-6PO, yeye. Bibi alikuwa keshatangulia mbele ya haki. Sikuwa na wa kumwomba radhi.

Sasa nikisema maandishi, ninamwacha bibi pale mlangoni na ungo wake. Siwezi. Ingizeni sauti. Lakini msimtwike mtu mmoja wahusika wote asome mbio bila kupumua. Wasimulizi kama Lufufu na DJ Afro nawaheshimu sana, ila kazi yao ni kusimulia juu ya filamu. Hii ni kazi nyingine. Kule Ufaransa maneno hupita kwenye utepe chini ya picha, na mwigizaji huyasema huku akiifuata midomo ya mtu aliye mbele yake, pumzi kwa pumzi. Na jina la mwenye sauti liandikwe mwanzoni, kwa herufi kubwa. Mimi nilikaa na sauti ya Carel zaidi ya miaka thelathini bila kulijua jina lake.

Ila ikiwa ni filamu ya mama anayemlilia mwanawe, hapo bado nasita. Hiyo niachieni na maandishi. Nitamsomea mtu aliye kando yangu.