Maswali ya Wasomaji: M yenye sura nne

SWALI: Nasoma isimu chuoni. Mwalimu alitaja Kikaritiana, lugha ya jamii ya Kitupi huko Brazil, akasema m yake mara ni m, mara mb, mara bmb. Inakuwaje, na aliyekulia Kiswahili ajizoeze vipi? (Mwanafunzi, Iringa)

JIBU: Wakaritiana wako jimbo la Rondônia, kusini mwa mji wa Porto Velho. Wasemaji ni mia chache tu, na katika tawi lake la Kiarikemu lugha nyingine zimeshakufa. Kwa hiyo kila sauti yake inastahili kusikilizwa vizuri.

Yote yanategemea kaakaa laini, ile nyama inayobeba kilimi. Ikipanda, hewa hutokea mdomoni. Ikishuka, hupita puani. Kikaritiana kina irabu tano: i, e, a, o na moja iandikwayo y. Kila moja ina ya mdomoni na ya puani, fupi na ndefu, jumla 20. Irabu ya mdomoni lazima ilindwe, pua isiiguse. Ndiyo maana kaakaa husubiri midomo ifumbe, hushuka kidogo, kisha hupanda kabla midomo haijaachana: abmba. Tukiweka ~ juu ya irabu ya puani, tunapata pia abmã, ãmba na ãmã. N nayo hufuata mkondo huo: adnda.

Mb unayo tayari, iko kwenye "simba". Kazi ni bm. Sema "ab", usiachanishe midomo, guna "mmm", malizia "ba". Laza kioo kidogo juu ya mdomo wa juu, uso wake ukitazama matundu ya pua. Mvuke uonekane wakati wa kuguna tu. Ukitokea kwenye a, umeshusha kaakaa mapema, na hilo ndilo kosa letu kubwa: katika "ama" ya Kiswahili a huchukua upua kidogo na maana haiharibiki, lakini kwa Mkaritiana hiyo ni irabu nyingine. Wengine hufungua midomo katikati, ikatoka "abumba". Hapo umeongeza silabi.

SWALI: Na hiyo y?

JIBU: Tamka i, kisha urudishe ulimi nyuma taratibu huku midomo ikibaki imetandazwa kama ilivyokuwa. Imo katika "yn", yaani "mimi". Ukiviringa midomo utatoa u, na Kikaritiana hakina u.