Usiombe Msamaha Kabla Hujaonyeshwa Kosa

Jumatatu iliyopita nilipokea barua ya kurejeshewa leseni ya duka langu la dawa, miezi 11 baada ya kufutiwa. Wengi wameniuliza nilimjua nani huko juu. Sikumjua mtu; nilidai kusikilizwa, na ninataka kila mwenye leseni aielewe haki hiyo kabla hajaihitaji.

Barua ya kufutiwa ilikuwa na mistari miwili. Ilisema nimekiuka masharti ya leseni, bila kutaja sharti lipi, lini, wala nani aliyeshuhudia. Nilikwenda nayo ofisini siku hiyo hiyo, na hapo ndipo nilipokosea: badala ya kuuliza ninatuhumiwa kwa lipi, nilianza kuomba msamaha. Ofisa alinisikiliza huku kiganja chake kikiwa juu ya jalada langu, kisha akaandika pembeni ya karatasi, "Mhusika amekiri." Maneno hayo mawili yalinigharimu miezi minne, na mpaka leo nikiyakumbuka moyo unaniuma, kwa kuwa sikujua hata nilichodaiwa kukikiri.

Mwanasheria niliyemwendea baadaye alinisimulia kesi ya Cooper, mjenzi wa Uingereza ambaye bodi ya Wandsworth ilimbomolea nyumba kwa madai kwamba hakutoa notisi ya siku saba kabla ya kuanza ujenzi. Sheria iliipa bodi mamlaka ya kubomoa, na haikutaja popote kwamba mjenzi asikilizwe. Hata hivyo, mwaka 1863 mahakama iliamua kwamba bodi ilipaswa kumsikiliza kwanza, maana sheria ikikaa kimya, haki ya kusikilizwa haifi. Nilitoka pale nimepata nguvu ambayo kuomba msamaha hakukunipa.

Tuliandika barua kuomba taarifa ya ukaguzi, pamoja na nafasi ya kujieleza mbele ya mtu asiyekuwa mkaguzi mwenyewe. Nakala yetu tuliigonga muhuri wa masijala. Taarifa ilipokuja, ilidai kwamba siku ya ukaguzi hapakuwa na mtoa dawa mwenye sifa. Kumbe alikuwa stoo akipokea mzigo: hati ya kupokelea mzigo ilikuwa na sahihi yake na saa ile ile aliyoandika mkaguzi. Karatasi hiyo ilikuwa kwenye droo yangu muda wote, ila hakuna aliyeniuliza. Miezi iliyofuata ilikuwa ya kungoja tu, sina la kusimulia.

Wenzangu, daini tuhuma kwa maandishi na mjibu kwa maandishi. Msitegemee lazima muitwe mbele ya kikao, kwani mara nyingi kusikilizwa ni kupewa muda wa kutosha wa kujibu kwa barua, na hilo linatosha ikiwa mmeelezwa tuhuma zote. Tofautisheni pia hali zenu. Katika kesi ya McInnes ya mwaka 1978, kuhusu leseni ya umeneja wa mabondia, mahakama ya Uingereza ilionyesha kwamba anayenyang'anywa leseni aliyokuwa nayo ana ulinzi mkubwa kuliko anayeomba kwa mara ya kwanza. Palipo na hatari ya haraka kwa afya ya watu, mamlaka inaweza kusimamisha leseni kwanza na kusikiliza baadaye, na mimi kama muuza dawa siwezi kulipinga hilo. Lakini kusimamisha si kufuta. Na mkienda kwenye mapitio ya mahakama, yaani kumwomba jaji akague namna mamlaka ilivyoamua, jueni kwamba kwa kawaida jaji hawarudishii leseni. Hutengua uamuzi na kulirudisha suala kwa mamlaka ianze upya kwa haki. Kwa hiyo ushahidi wenu utahitajika mara ya pili, utunzeni.

Yale maneno "Mhusika amekiri" bado yamo katika jalada langu. Jumatano niliandika kuomba yasahihishwe, na nakala yangu ina muhuri.