Maswali na Majibu: Kuandaa Vipindi vya Kijapani kwa Wanaoanza

Nianze na hiragana (herufi za msingi za Kijapani, kila moja silabi) au mazungumzo?

Vyote viende pamoja, ila usiwabwagie hiragana zote 46 kwa mkupuo. Safu mbili kwa kipindi zinatosha: a-i-u-e-o, kisha ka-ki-ku-ke-ko. Herufi za Kirumi ziwe za kuazima tu. Safu zikiisha, hizo za Kirumi ziondoe ubaoni bila huruma, maana aliyezizoea harudi kwenye hiragana kwa hiari yake.

Andalio langu la somo hujaa sarufi, muda ukaniishia. Nifanyeje?

Andika kwanza jambo moja ambalo mwanafunzi ataliweza kipindi kikiisha, halafu futa kila kisichomfikisha hapo. Tuseme ni kuuliza bei: "Kore wa ikura desu ka?" Rudia kidogo ya jana, onyesha mfano mara mbili tatu, muda uliobaki wauziane picha zenye bei. Hapo kuna mtego: 300, 600 na 800 hubadilika sauti (sanbyaku, roppyaku, happyaku). Kadi za siku ya kwanza ziwe na 100, 200, 400, 500, 700 na 900 pekee; zile tatu korofi zifungue kipindi kijacho. Mimi andalio zuri nalitambulia hapo, si kwenye orodha ndefu ya malengo.

Wanangu wanasoma vizuri, lakini "obasan" na "obaasan" kwao ni kitu kimoja.

Irabu za Kijapani ni tano kama zetu, ndiyo maana matamshi huonekana mteremko. Kinachotuponza ni mkazo: tumezoea kukaza silabi ya pili kutoka mwisho na kuivuta kidogo, ilhali Kijapani hupima mapigo yote sawa. Wapige makofi: o-ba-sa-n, manne, ni shangazi, o-ba-a-sa-n, matano, ni bibi. Kisha "kite" (njoo), mawili, na "kitte" (stempu), matatu. Dakika chache kila kipindi. Usingoje eti siku ya matamshi.

"Wa" na "ga", vile vijineno vya kuonyesha mada na kiima, nizifundishe pamoja?

Hapana. "Wa" ije na "Watashi wa gakusei desu" (mimi ni mwanafunzi). "Ga" isubiri "arimasu" na "imasu" (kuna, yupo). Mwanafunzi akidai tofauti mapema, mpe mfano, hotuba baadaye.

Na kanji, zile herufi zenye asili ya Kichina?

Chache, hiragana zikishakaa: 一, 二, 三 (moja, mbili, tatu), kisha 日, 月 na 火 za siku za juma. Ziandike kwenye tarehe ubaoni kila siku, wala hutahitaji kuzitengea kipindi.