Kazi zimemwagika huko? Ngoja shangazi yako nikujibu

Nimeisikiliza voisi yako mara mbili mwanangu, mara ya kwanza nipo kwenye basi natoka shifti ya usiku, ya pili nimekaa jikoni na viatu sijavua. Unasema "shangazi huko kazi zimemwagika, mnachagua tu, ukichoka hapa unahamia pale", alafu mwishoni kabisa ndo unanidokeza kwamba unataka kuacha ualimu hapo Kasulu, kuna mtu hapo Mwanga, Kigoma mjini, anauza nafasi za kea, yaani kuhudumia wazee huku Uingereza, kwa milioni 18, na nusu yake anaitaka kabla mwezi haujaisha. Sijakujibu kwa voisi maana ningekutukana, na wewe hujakosea kitu.

Huyo mtu ni tapeli, tuanzie hapo. Uingereza ilifunga mlango wa kuchukua wahudumu wa wazee kutoka nje tarehe 22 Julai 2025. Aliyekwisha ingia anaweza kuhangaika kubadilisha mwajiri hukuhuku, ila mtu aliyeko Kasulu hana njia hiyo tena. Na kabla hawajafunga, Machi 2024 walishakataza wahudumu wapya kuja na mume au watoto. Sasa yeye anauza nini? Usimpe hata ya fomu, hata elfu hamsini ya "kufungua faili".

Haya, sasa hilo la kuchagua kazi, maana ndo limenichoma.

Nilipokuja mwanzoni mwa 2023 mkataba wangu uliandikwa saa 39 kwa wiki. Saa zenyewe zinakuja kwenye simu, unafungua apu usiku unaangalia kesho wamekupangia nyumba ngapi, kuna wiki nilipata saa 18, kuna wiki 12, na kodi ya chumba haijui kama wiki hii ilikuwa ya saa 12. Kazi ni kuzunguka majumbani, unamuogesha mzee, unambadilisha, unampa dawa na chai, unatoka unapanda basi kwenda kwa mwingine. Natoka saa 12 asubuhi narudi saa 4 usiku, kwenye malipo nakuta saa 7. Njiani halipwi mtu. Sheria yao inasema muda wa kutoka nyumba hadi nyumba uhesabiwe kwenye kima cha chini, kilikuwa pauni 11.44 kwa saa mwaka 2024, na najua nyie mkizidisha kwa hela yetu hapo mnapiga vigelegele. Lakini nikadai kwa nani? Kwa huyohuyo aliyeshika viza yangu?

Ndo hapo panapouma mwanangu. Viza yangu haisemi naruhusiwa kufanya kazi Uingereza, inasema naruhusiwa kufanya kazi kwa kampuni fulani, hii kazi. Nikitaka kuhama lazima huko ninakokwenda wawe na leseni ya kudhamini wageni, wanipe cheti cha udhamini, niombe viza upya. Nilikuwa na mwenzangu mzungu, tunafanya kazi ileile, siku moja ya Ijumaa akagombana na msimamizi wetu, akavua sare akaiacha mezani, Jumatatu nikamkuta supamaketi anapanga maziwa, ananicheka kabisa, anasema na wewe si uache tu. Niache niende wapi? Wanasema mbuzi hula urefu wa kamba yake, sasa yangu mimi mwenye kampuni ndo kaishika, na yeye hakuna anakofungwa.

Maana mwisho wa 2024 kampuni ikanyang'anywa leseni. Sikuiba, sikuchelewa, wazee walikuwa wananipenda. Wenye kampuni walikuwa na mambo yao na serikali, barua ikaja kwangu: siku 60, pata mdhamini mwingine au uondoke. Na sikuwa peke yangu, kati ya Julai 2022 na Desemba 2024 zilifutwa leseni zaidi ya 470 za kampuni za kea na wafanyakazi zaidi ya 39,000 walikuwa chini ya hizo kampuni. Sasa fikiria watu wote hao wanaomba nafasi zilezile.

Unakumbuka Ziwa Tanganyika lilivofungwa watu wasivue, 15 Mei mpaka 15 Agosti 2024, kaka zako wa Kibirizi wakakaa na nyavu miezi mitatu, nikawa nasikia malalamiko kila nikipiga simu? Walikuwa na haki ya kulalamika, lakini tarehe ya kurudi majini waliijua na hakuna aliyewaambia wahame Kigoma. Mimi kwenye kalenda yangu niliandika namba kwa kalamu nyekundu, 60, 59, 58, na ilikuwa inaelekea kwenye ndege.

Niliomba sehemu sijui ngapi. Wengi swali la kwanza ni una gari, una leseni ya udereva ya huku. Sina. Msaada wa serikali wa wasio na kazi siruhusiwi kugusa, viza inakataza. Nilihama chumba nikalala kwenye kochi la dada mmoja wa Mpanda, Mungu ambariki, nikila wali na maharage ya kopo. Siku ya 53 nikapata nyumba ya wazee mji mwingine kabisa huku kaskazini, baridi inayouma mpaka meno, na sikuuliza mshahara. Unaona hapo? Ndo kuhama kazi kwenyewe huko.

Sasa nikwambie kitu ambacho hata baba yako hajui. Bati za nyumba ya Ujiji zilinunuliwa ndani ya hizo siku 60. Nilikopa. Kaka alipiga akasema mvua zimeanza, mama analala na ndoo pembeni ya kitanda, nikashindwa kusema sina kazi, nikasema kesho. Na ile picha nimesimama kwenye gari jeupe, mlioiweka stetasi wote, gari lilikuwa la mzee niliyekuwa namuogesha. Kwahiyo uzushi wa kazi kumwagika ukitafuta nani kauanzisha, ni mimi.

Babu yangu alienda manamba Tanga kukata mkonge, walichukuliwa kwa treni kutoka hapo mwisho wa reli. Alikuwa anatuhadithia kipande chake, ile kadi ya kazi ya siku 30, kila ukimaliza kazi ya siku wanakuwekea alama, usipomaliza siku hiyo haihesabiki. Tulikuwa tunamcheka tukiwa wadogo. Juzi nimefungua apu nihesabu saa zangu nikamkumbuka. Yeye angalau mkataba wake ulipoisha alirudishwa nyumbani.

Usiache ualimu. Najua mshahara, najua umbali wa hiyo shule, najua mkuu wako anavokunyanyasa. Lakini wewe kukufukuza kuna taratibu, kuna mashtaka, kuna rufaa, hata aliyeajiriwa na Muhindi dukani akifikisha miezi 6 sheria ya ajira ya 2004 inamruhusu kwenda CMA, tume ya usuluhishi wa migogoro ya kazi, kulalamika ameachishwa bila haki. Huku, mwaka 2025, kwa kesi ya kawaida ilikuwa mpaka ufikishe miaka 2. Wenzio wangapi uliomaliza nao chuo wako mtaani wanasubiri hiyo ajira unayotaka kuitupa?

Alafu tena nikikwambia usitoke kabisa nitakuwa mnafiki, maana mimi sirudi, sio sasa. Nyumba ya wazee nilipo wanalipa saa zote, msimamizi ni mama wa Kifilipino anajua njaa. Nilikuwa nahesabu miaka 5 nipate makazi ya kudumu niikate hii kamba, wao 2025 wakatangaza wanataka kuifanya 10 au zaidi, nami nahesabu hivohivo. Kwahiyo ukitaka kutoka toka kwa akili: kwa afisa utumishi ulizia likizo ya masomo au likizo bila malipo, utoke ukiwa na pa kurudia, tafuta skolashipu, jifunze udereva hapohapo Kasulu, na mkataba wowote ukiletewa usiangalie mshahara kwanza, angalia ukigombana na bosi wako utabaki na nini mkononi. Na kama kuna kitu kimekusibu hapo shuleni ambacho hukusema kwenye voisi, niambie, maana sauti yako sikuipenda.

Hiyo milioni 9 umeitoa wapi lakini? Kama ni ya kuuza kiwanja cha Mwandiga nitapanda ndege kwa mkopo nije nikuchape.

Naingia shifti saa 2 usiku, nilale kidogo. Mama usimsomee hii. Akiuliza mwambie shangazi anasalimia, kazi zipo.